Alitajwa kwenye Oscar, kibarua kikaota nyasi: kisa cha Juanita Moore

Tarehe 4 Aprili 1960, katika ukumbi wa Pantages mjini Los Angeles, yalisomwa majina matano ya wanawake waliowania tuzo ya Oscar ya mwigizaji msaidizi: Hermione Baddeley, Susan Kohner, Juanita Moore, Thelma Ritter na Shelley Winters. Tuzo ilikwenda kwa Winters kwa kazi yake katika The Diary of Anne Frank. Watu wakapiga makofi, usiku ukaendelea, Ben-Hur ikazoa tuzo zake 11.

Orodha ile ina jambo ambalo halionekani kwa haraka. Moore na Ritter waliteuliwa wote wawili kwa kucheza watumishi wa ndani. Filamu zao zote zilitoka mwaka 1959, zote ni za studio ya Universal, na jina la mtayarishaji Ross Hunter liko kwenye zote mbili. Ritter alikuwa kwenye Pillow Talk, kichekesho cha mapenzi, akicheza mtumishi anayefika kazini kila asubuhi na pombe ya jana kichwani. Moore alikuwa kwenye Imitation of Life, akicheza Annie Johnson, mama Mweusi anayelea binti yake ndani ya nyumba ya mwigizaji wa Kizungu huku akiwapikia na kuwafulia.

Baada ya usiku ule Ritter aliendelea kuitwa kazini kama alivyozoea. Moore simu yake ikapungua kulia. Mwenyewe alilisema wazi mwaka 1967 alipohojiwa na gazeti la Los Angeles Times: heshima ya Oscar ilikuwa nzuri, lakini kazi alikuwa akipata nyingi zaidi kabla ya kuteuliwa.

Kauli ya namna hiyo ni rahisi kuijibu kwa neno moja, ubaguzi, kisha tukafunga mjadala. Ubaguzi ulikuwepo, na mtu asiyeuona hapa hataki kuuona. Ila neno hilo peke yake halituelezi kwa nini mambo yawe mabaya zaidi baada ya sifa kuliko kabla yake. Wabaguzi walikuwepo mwaka 1952 pia, na mwaka 1952 Moore alikuwa anafanya kazi.

Kazi ya siku mbili

Juanita Moore alizaliwa Greenwood, jimbo la Mississippi, Oktoba 1914, na familia yake ikahamia Los Angeles akiwa bado mtoto. Sanaa aliianza kwa miguu. Alikuwa mcheza shoo, mmoja wa wasichana wa safu ya nyuma katika klabu ya usiku ya Cotton Club, New York, na baadaye akaingia kwenye jukwaa la maigizo. Kwenye sinema alitokea kwa mara ya kwanza mwaka 1949 katika Pinky ya Elia Kazan, kama nesi, na jina lake halikuandikwa kwenye orodha ya waigizaji.

Pinky ni filamu ya kukumbuka katika kisa hiki. Inamhusu msichana Mweusi mwenye ngozi nyeupe kiasi cha kudhaniwa Mzungu, na nafasi hiyo alipewa Jeanne Crain, ambaye ni Mzungu hasa. Bibi yake, dobi wa kijijini, alichezwa na Ethel Waters, aliyeteuliwa kuwania Oscar ya mwigizaji msaidizi. Miaka kumi baadaye Moore angejikuta yeye ndiye mama wa namna hiyo, na binti mwenye ngozi nyeupe akichezwa tena na mtu asiye Mweusi.

Katikati ya filamu hizo mbili kuna miaka kumi ya vibarua. Naliita hivyo kwa makusudi, maana ndivyo kazi ilivyokuwa. Studio zilikuwa na nyota wao wa mkataba, wanaolipwa kwa wiki hata kama hakuna picha inayopigwa. Wengine wote waliitwa kwa siku. Mtu anayepanga waigizaji anapiga simu kwa wakala: nataka mtumishi, Jumanne na Jumatano, ana maneno manne. Unafika alfajiri, unavishwa aproni, unasubiri taa zipangwe, unafungua mlango, unasema “bwana yupo sebuleni,” unaondoka. Unalipwa kima cha chini cha chama cha waigizaji. Jina lako linaweza kuonekana mwishoni au lisionekane.

Kwa maisha hayo, ukubwa wa nafasi si hoja kubwa. Hoja ni idadi ya simu. Mwigizaji wa aina hiyo anakula kwa kuitwa mara nyingi kwa vitu vidogo, kama fundi anayeishi kwa kubadilisha pedi na plagi, injini nzima akiipata mara moja kwa mwaka.

Moore aliitwa. Yumo kwenye Affair in Trinidad (1952) pamoja na Rita Hayworth. Yumo kwenye Witness to Murder (1954), kwenye Women's Prison (1955) kama mfungwa, kwenye Ransom! na The Girl Can't Help It, zote za 1956, na katika hii ya mwisho ni mtumishi wa ndani. Ukizifuatilia filamu hizo unamwona anapita dakika mbili tatu, na mara nyingi ndiye mtu pekee kwenye chumba anayeonekana kuwa na akili timamu. Huo ulikuwa mtaji wake: utulivu. Hakukodoa macho wala hakucheka kwa sauti ya kuwafurahisha watu, mambo ambayo kizazi cha nyuma yake kililazimishwa kuyafanya ili kipate mkate.

Nafasi ya Annie

Imitation of Life ilikuwa imeshatengenezwa mwaka 1934, kutokana na riwaya ya Fannie Hurst ya 1933, Louise Beavers akicheza mama Mweusi na Fredi Washington binti yake. Washington alikuwa Mweusi kweli, mwenye ngozi nyeupe. Universal walipoirudia, wakimpa Douglas Sirk aiongoze, binti alikwenda kwa Susan Kohner, ambaye mama yake, Lupita Tovar, alikuwa mwigizaji wa Meksiko na baba yake wakala wa Hollywood mzaliwa wa Bohemia. Kwa hiyo hata kabla kamera haijawashwa, nafasi ya Mweusi kijana katika hadithi ile, yenye ghadhabu, kucheza na kuimba, ilikuwa imeshatoka mikononi mwa waigizaji Weusi. Iliyobaki ilikuwa ya mama.

Nyota wa filamu alikuwa Lana Turner, na hapo kuna habari nyingine nzima. Mwaka 1958 binti wa Turner, akiwa na miaka 14, alimchoma kisu mpenzi wa mama yake, Johnny Stompanato, akafa. Filamu kuhusu mama maarufu asiyekuwa na muda wa binti yake ilijiuza yenyewe. Watu walijaa kumtazama Turner, magauni yake yaliyobuniwa na Jean Louis, na kashfa waliyoisoma magazetini. Turner alikuwa amekubali mshahara mdogo kwa sharti la kupata sehemu ya faida, akavuna fedha nyingi. Filamu ikawa moja ya zilizowahi kuiingizia Universal mapato makubwa kuliko zote hadi wakati ule.

Walipofika ukumbini kumtazama Turner, walitoka wakimlilia Annie.

Kuna matukio mawili yanayoonyesha Moore alifanya nini. La kwanza ni dogo. Annie anazungumza na mwajiri wake, Lora (ndiye Turner), baada ya miaka mingi ya kuishi nyumba moja, anagusia watu anaotaka waje kwenye mazishi yake siku atakapokufa. Lora anashangaa kusikia kwamba Annie ana marafiki. Annie anamjibu kwamba anawafahamu watu wengi sana, yuko kanisani na kwenye vyama kadhaa. Lora anasema hakujua. Annie anajibu kwa upole: hukuwahi kuniuliza.

Sentensi hiyo mwigizaji mwingine angeirusha kama jiwe. Moore anaisema bila kumlaumu mtu, kama anayemwelekeza mgeni choo kilipo, na kwa sababu hiyo haina pa kuikwepa. Kwa muda wote wa filamu tumekuwa tukimtazama Annie akiingia na kutoka na sinia, na sisi pia hatukuuliza. Sirk aliyajua haya. Alikuwa Mjerumani aliyekimbia utawala wa Hitler, na filamu zake zilikuwa na desturi ya kumpa mtazamaji pipi yenye sindano ndani. Lakini sindano ile aliishika Moore.

Tukio la pili ni la chumba cha moteli California. Binti, Sarah Jane, amekimbia nyumbani, amebadili jina, anacheza shoo kwenye klabu na anaishi kama Mzungu. Annie, ambaye sasa anaumwa, amesafiri kumtafuta. Amekuja kuaga tu, hataki kumrudisha. Wanakumbatiana. Ghafla anaingia msichana anayekaa na Sarah Jane, anamwona mama Mweusi chumbani. Annie anawahi kusema kwamba yeye alikuwa yaya wa huyu binti zamani, alikuwa anapita njia akaona amsalimie. Anaomba radhi kwa usumbufu. Anatoka. Yule msichana anatania: kumbe ulilelewa na yaya! Sarah Jane analia, anasema ndiyo, maisha yangu yote.

Fikiria mwigizaji anatakiwa kufanya nini hapo. Anatakiwa acheze mama anayecheza mtumishi, mbele ya mtoto wake anayecheza Mzungu, na mtazamaji aone tabaka zote kwa wakati mmoja. Ile sura ya mtumishi mpole ambayo Moore aliivaa kwa malipo ya siku kwa miaka kumi, hapa anaivaa huku tunaona inavyomuuma. Nimeitazama mara kadhaa na sijaona mahali anapozidisha.

Kisha mazishi: jeneza kwenye gari jeupe linalovutwa na farasi weupe, bendi, Mahalia Jackson akiimba kanisani, barabara imejaa wale marafiki ambao Lora hakuwahi kuwaulizia. Watu wanalikumbuka zaidi tukio hili, na Moore hayumo ndani yake.

Ritter, mezani pale pale

Thelma Ritter alizaliwa Brooklyn mwaka 1902. Aliingia kwenye sinema akiwa mtu mzima, kwa nafasi ndogo isiyoandikwa jina, kama Moore: mama mwenye mifuko ya manunuzi katika Miracle on 34th Street (1947). Mkuu wa studio ya Fox, Darryl Zanuck, alimwona, akataka aongezewe maneno. Kuanzia hapo alikuwa na mtu wa juu anayemjua kwa jina.

Akaja kuwa mtumishi wa Bette Davis katika All About Eve (1950), nesi katika With a Song in My Heart (1952), nesi tena katika Rear Window (1954). Aliteuliwa kuwania Oscar mara sita kati ya 1950 na 1962 na hakuipata hata mara moja. Ya mwaka 1951 inashangaza ukiiweka karibu na kisa chetu. Inaitwa The Mating Season. Ritter ni mama maskini, muuza baga, anayefika kwenye nyumba ya mwanawe aliyeoa tajiri, mkwe anamdhania kuwa mpishi aliyekodishwa, na yeye ananyamaza na kuanza kupika ili asimwaibishe mtoto. Ni mkasa ule ule wa moteli: mama anayejifanya mtumishi ili mtoto abaki na hadhi. Kwa Ritter ni kichekesho, na mwishoni siri inafichuka watu wakacheka. Kwa Moore hakuna mtu anayeweza kufichua chochote bila kuvunja maisha ya binti.

Baada ya 1960 Ritter alifanya The Misfits (1961) na Marilyn Monroe na Clark Gable, Birdman of Alcatraz (1962) na Burt Lancaster, How the West Was Won (1962), filamu tatu mwaka 1963, na Boeing Boeing (1965) akiwa, bila shaka, mtumishi wa ndani. Kuteuliwa mara tano, mara sita, hakukumzuia kuitwa kufungua mlango. Hakuna aliyesema “huyu sasa ni mkubwa mno kwa aproni.”

Moore? Mwaka 1961 Ross Hunter yule yule alimpa nafasi katika Tammy Tell Me True, filamu nyepesi ya Sandra Dee. Mwaka 1962 alikuwa kwenye Walk on the Wild Side, nafasi yenye jina la Mama. Mwaka 1963 Papa's Delicate Condition. Mwaka 1966 akawa mtawa katika The Singing Nun. Ni orodha fupi kwa mtu aliyetoka kuwa mmoja wa waigizaji watano bora wa mwaka, na hakuna nafasi hata moja humo yenye robo ya uzito wa Annie.

Maelezo aliyoyatoa mwenyewe yanahusu utaratibu wa kazi, na ndiyo maana nayaamini. Alisema wapangaji wa waigizaji huona kwamba mtu aliyeteuliwa Oscar amehamia daraja jingine. Hawawezi kumwomba aje kwa siku moja au mbili, wakiamini atakataa. Na yeye, alisema, hakika angekubali.

Kwa hiyo mtu wa simu anafanya hesabu hii kichwani: nina nafasi ya siku mbili, Moore ni jina kubwa sasa, nitamvunjia heshima, ngoja nimwite mwingine. Hakuna chuki ndani ya hesabu hiyo. Ina adabu hata. Na inamkosesha mtu kodi ya nyumba.

Kwa Ritter hesabu ile ile ilitoa jibu tofauti kwa sababu juu ya nafasi za siku mbili kulikuwa na ngazi nyingine: nafasi za wiki tatu, za wiki sita, za jina la nne kwenye bango. Mtumishi wa Kizungu mwenye ulimi mkali alikuwa amegeuka kuwa aina ya mhusika, anaandikiwa vichekesho vyake, anasubiriwa na watazamaji. Akipanda daraja, kuna pa kukanyaga. Moore alipandishwa hadi mahali ambapo sakafu haijajengwa. Nafasi ya pili kama ya Annie haikuwepo kwenye rafu ya studio yoyote. Ile moja ilipatikana kwa sababu filamu ya 1934 ilikuwa tayari mali ya kampuni.

Sababu nyingine zilizojazana

Hapo ndipo ninapoweka uzito, lakini kuna mambo mawili matatu ambayo mchambuzi mwenye haki asiyapite.

Moja ni wakati. NAACP, chama cha kutetea haki za Wamarekani Weusi, ilikuwa ikipambana tangu miaka ya 1940 kuzishinikiza studio ziache kuwaonyesha Weusi kama watumishi na wapumbavu. Mwaka 1951 ililaani hadharani kipindi cha televisheni cha Amos 'n' Andy, na kituo cha CBS kikakiondoa mwaka 1953. Madai yalikuwa ya haki. Ila studio zilipoitikia, nyingi ziliitikia kwa njia ya mkato: zilimfuta mtumishi Mweusi kwenye hadithi, na hazikuandika daktari wala mwalimu Mweusi badala yake. Waliolipa gharama ya kipindi hicho cha mpito ni wanawake wa umri wa Moore. Vijana wangeweza kusubiri hadi 1968, Diahann Carroll alipopata kipindi chake, Julia, akiwa nesi mwenye nyumba yake mwenyewe. Moore mwaka 1968 alikuwa na miaka 53.

Umri wenyewe ni jambo jingine. Alikuwa na miaka 45 siku ya Oscar. Ritter alikuwa na 58, tena akiwa na kazi tele, kwa hiyo umri peke yake si hoja; umri na rangi pamoja ndiyo hoja.

Na kuna suala la kura. Moore na Kohner waliteuliwa kwa filamu moja, katika kundi moja. Hesabu za kura za Oscar hazitangazwi, hivyo hatuwezi kusema waligawana kura. Tunachoweza kusema ni kwamba tuzo ya filamu ya Golden Globe ya mwaka ule ilikwenda kwa Kohner. Yeye aliolewa na mbunifu wa mavazi John Weitz mwaka 1964, akaacha uigizaji, na wanawe Chris na Paul wakaja kuwa waongozaji wa Hollywood. Kwa Kohner, kuacha ulikuwa uamuzi wake.

Ushindi nao ungesaidia? Sidhani. Hattie McDaniel, Mweusi wa kwanza kuipata, alishinda mwaka 1940, usiku ambao aliketishwa kwenye meza ya pembeni, na maisha yake yaliyobaki aliendelea kuvaa aproni. Mweusi wa pili kushinda tuzo ile ya mwigizaji msaidizi wa kike alikuwa Whoopi Goldberg, mwaka 1991.

Ambako simu ililia

Ingekuwa kosa kumchora Moore kama mtu aliyekaa dirishani akisubiri. Jukwaani alikuwa na kazi. Mwaka 1959 alikuwa London, ukumbi wa Adelphi, katika A Raisin in the Sun. Mwaka 1965 alikuwa Broadway katika The Amen Corner ya James Baldwin, pamoja na Beah Richards. Miaka miwili baadaye Richards alicheza mama wa Sidney Poitier katika Guess Who's Coming to Dinner, akawa mwanamke Mweusi wa kwanza baada ya Moore kuteuliwa kuwania Oscar ya mwigizaji msaidizi. McDaniel mtumishi, Waters bibi, Moore mtumishi na mama, Richards mama: hao ndio wanne, na hizo ndizo nafasi zenyewe, kwa karibu miaka thelathini.

Televisheni ndiyo iliyomlisha kwa muda mrefu. Alitokea kwenye The Alfred Hitchcock Hour mwaka 1963 na katika vipindi vingine vya polisi na madaktari vilivyofuata. Televisheni ilikuwa na tabia ambayo sinema ilikuwa imeipoteza: ilihitaji watu wapya kila wiki, kwa siku chache, kwa haraka, na mpangaji wake hakuwa na muda wa kujiuliza nani atajisikia kudharauliwa. Kile kibarua cha siku mbili kilichokufa studioni kilihamia huko.

Halafu kukaja kizazi kipya cha filamu za Weusi. Katika Uptight ya Jules Dassin (1968) na The Mack (1973) alicheza mama wa Max Julien mara zote mbili. Mwaka 1974 alikuwa kwenye Abby, filamu ya mapepo iliyopigwa Louisville, Kentucky, kwa bajeti ndogo. Wakosoaji wengi wanazidharau filamu hizi. Mimi naziona kwa jicho la mtu wa mishahara: bajeti zilikuwa ndogo, bunduki nyingi, lakini mama katika filamu hizi ana nyumba yake, anakaa kwenye kiti chake, na hakuna bibi wa Kizungu wa kumpelekea chai.

Mwaka huo huo wa 1974, kwenye kipindi cha vichekesho cha Maude, Esther Rolle, aliyekuwa akicheza mtumishi Mweusi aitwaye Florida, alipewa kipindi chake mwenyewe, Good Times. Nafasi ya mtumishi ikabaki wazi, akaletwa Mwingereza: Hermione Baddeley. Ndiye yule wa orodha ya 1960, aliyeteuliwa kwa Room at the Top akiwa ameonekana kwenye skrini kwa dakika mbili na sekunde chache tu, na tangu wakati huo alishakuwa mtumishi katika Mary Poppins (1964). Kwa hiyo kati ya wanne walioshindwa usiku ule, mmoja aliacha kazi kwa hiari, na wawili waliendelea kufungua milango ya sebule za watu bila mtu kuona kwamba wanashushwa hadhi.

Moore alifanya kazi hadi uzeeni, akaonekana kama bibi katika The Kid ya Disney mwaka 2000 na katika tamthilia ya hospitali ER mwaka 2001. Alifariki Los Angeles tarehe 1 Januari 2014, akiwa na miaka 99.

Wapo wanaosema kosa lilianzia kwenye kundi lenyewe: kwamba Annie hakuwa nafasi ya usaidizi, kwani theluthi ya mwisho ya filamu ni yake kabisa, na Turner, mwenye jina la juu, hakuteuliwa. Kama Moore angewekwa kwenye kundi la mwigizaji mkuu, wanasema, bei yake ingepanda na nafasi kubwa zingefuata. Hoja hiyo ina jaribio lililokwisha kufanyika. Dorothy Dandridge aliteuliwa kama mwigizaji mkuu kwa Carmen Jones ya 1954, mwanamke Mweusi wa kwanza kufika hapo. Alikuwa kijana, mrembo, mwimbaji, na picha yake ilikuwa imetoka kwenye jalada la jarida la Life. Filamu yake iliyofuata, Island in the Sun, ilitoka mwaka 1957.